Haba na Haba: Wimbo wa Bibi Uliokwenda Ulaya

Maneno ya somo lililosomwa redioni kwa madarasa ya elimu ya watu wazima, wilaya za Karagwe na Kyerwa

   Tunawasalimu ninyi mlioko Kayanga, Bugene, Nyaishozi na Ihembe. Tunawasalimu pia ninyi mlioko Nkwenda, Isingiro, Kaisho na Murongo. Fungueni madaftari yenu. Aliyekaa mbali na asogee karibu na redio, na aliye na mtoto mdogo asione haya kukaa naye mbele.

Mwalimu, tafadhali andika ubaoni maneno manne kwa herufi kubwa: KUWAKILISHA, KURA, ALAMA, KIBABA. Tutaanza na maneno hayo, kisha tutasimulia habari ya wimbo mmoja.

Neno la kwanza ni KUWAKILISHA. Chama cha msingi cha wakulima wa kahawa kinapotuma mtu mmoja kwenye mkutano wa chama kikuu, mtu yule haendi kwa ajili yake peke yake. Anakwenda kwa niaba ya wenzake wote. Akisema vizuri, wamesema vizuri. Akinyamaza, wamenyamaza. Huko ndiko kuwakilisha.

Neno la pili ni KURA. Hili mnalijua. Mtu anachagua anachokitaka, na chaguo lake linahesabiwa pamoja na la wengine.

Neno la tatu ni ALAMA. Mtoto akifanya mtihani, mwalimu humpa alama. Katika mashindano ya ngoma au ya kwaya, waamuzi hutoa alama. Mwenye alama nyingi ndiye mshindi.

Neno la nne ni KIBABA. Huku kwetu tunapima maharage kwa kopo, kwa sado na kwa debe. Watu wa pwani ya zamani walipima nafaka kwa kibaba. Vibaba viwili ni kisaga kimoja, na vibaba vinne ni pishi moja. Kibaba basi ni kipimo kidogo cha nyumbani, kipimo cha mama anayepima mchele au mahindi ya chakula cha siku. Ndiyo maana wazee wakasema: Haba na haba hujaza kibaba. Maana yake, kidogo ukiongeza na kidogo kingine, mwisho chombo hujaa.

Sasa wekeni kalamu chini, sikilizeni.

Mbali huko Ulaya yako mashindano ya nyimbo yaitwayo Eurovision. Yalianza mwaka 1956 katika mji wa Lugano, nchi ya Uswisi. Mwaka ule zilikuja nchi saba tu, na kila nchi ilileta nyimbo mbili. Aliyeshinda alikuwa mwanamke wa Uswisi, jina lake Lys Assia. Siku zile televisheni zilikuwa chache hata Ulaya. Watu wengi waliyasikia mashindano yale kwa redio, kama ninyi mnavyosikiliza somo hili.

Mashindano yale yalikua. Mwaka 2011 zilikuja nchi 43. Wanaoshiriki ni mashirika ya redio na televisheni ya nchi zilizomo katika umoja wa watangazaji wa Ulaya. Kwa hiyo wengine waliowahi kushiriki hawatoki Ulaya. Israeli ilianza mwaka 1973. Moroko, nchi ya Afrika, ilishiriki mara moja, mwaka 1980. Australia ilialikwa mwaka 2015.

Kila nchi huchagua wimbo wake kwanza nyumbani, kisha huupeleka kwenye mashindano. Wimbo usizidi dakika tatu. Watu wasizidi sita jukwaani. Mwimbaji sharti aimbe kwa sauti yake palepale, mbele ya watu, hata kama ala zimerekodiwa kabla.

Tena kulikuwa na sheria nyingine ambayo inatuhusu sana leo. Kwa miaka mingi kila nchi ilitakiwa kuimba kwa lugha yake yenyewe. Mfaransa aimbe Kifaransa, Mjerumani aimbe Kijerumani. Tangu mwaka 1999 sheria hiyo iliondolewa, na mwimbaji akaruhusiwa kuimba kwa lugha yoyote. Kama sheria ile isingaliondolewa, habari tunayoisimulia isingalitokea.

Sasa tumtazame mwimbaji wetu. Jina lake ni Stella Mwangi. Alizaliwa Kenya mwaka 1986. Mwaka 1991, akiwa bado mtoto mdogo, alihamia nchi ya Norwei pamoja na jamaa zake. Norwei iko kaskazini kabisa ya Ulaya, nchi ya milima, bahari na theluji. Stella alikulia mahali paitwapo Eidsvoll. Wanorwei wote wanapajua mahali hapo, kwa sababu hapo ndipo katiba ya nchi yao ilipotiwa sahihi, tarehe 17 Mei, 1814.

Stella alianza muziki wa kufokafoka akiwa angali mtoto. Katika nyimbo zake za kwanza aliimba habari za Kenya, na pia habari za kubaguliwa kwa ajili ya rangi ya ngozi. Fikirini maisha ya mtoto huyo: nyumbani lugha moja, shuleni lugha nyingine, akiwa kule anaulizwa ametoka wapi, na akija huku anaulizwa amekuwa nani.

Mwaka 2011 aliingia katika mashindano ya Norwei ya kuchagua wimbo wa taifa lile wa kwenda Eurovision. Wimbo wake uliitwa Haba Haba. Maneno mengi ya wimbo yalikuwa ya Kiingereza, lakini kiini chake kilikuwa Kiswahili. Ulisimulia mausia ya bibi kwa mjukuu, na mausia yenyewe ni methali ile ile tuliyoiandika ubaoni: haba na haba hujaza kibaba.

Tarehe 12 Februari, 2011, mjini Oslo, Stella alishinda. Ikawa basi kwamba Norwei itawakilishwa na msichana aliyezaliwa Kenya, na wimbo wenye methali ya Kiswahili. Kabla ya siku hiyo Kiswahili hakijapata kuimbwa katika jukwaa la Eurovision.

Hapa wengine wenu mtauliza: je, ni sawa mtu aliyezaliwa nchi moja kuiwakilisha nchi nyingine? Swali hilo ni zuri, tusilipite.

Katika mashindano haya, sheria haiulizi mwimbaji alizaliwa wapi. Inauliza ametumwa na nani. Mwaka 1988 Uswisi ilishinda kwa sauti ya Celine Dion, naye alikuwa mtu wa Kanada. Mwaka 2009 Norwei ilishinda kwa wimbo wa Alexander Rybak, na yeye alizaliwa Minsk, katika nchi ya Belarus. Kwa hiyo Stella hakuwa wa kwanza. Jambo jipya lilikuwa lugha ya bibi yake.

Sisi wa Karagwe na Kyerwa tunaweza kulielewa jambo hili upesi kuliko watu wengine. Magharibi yetu, ng'ambo ya Mto Kagera, ni Rwanda. Kaskazini ni Uganda. Katika nyumba nyingi za huku yuko bibi au babu aliyezaliwa upande wa pili, au shangazi aliyeolewa huko. Uraia una sheria zake na ofisi zake, na hilo si somo la leo. Lakini tunajua kwamba mtoto akilelewa mahali, akasoma hapo, akaimba hapo, watu wa mahali pale wanaweza kumwambia: Nenda ukatusemee. Wanorwei walimwambia Stella hivyo. Naye alipokwenda, hakumwacha bibi yake nyumbani. Alikwenda na maneno yake.

Sasa twende Ujerumani. Mashindano ya mwaka 2011 yalifanyika katika mji wa Düsseldorf, ndani ya uwanja mkubwa wa mpira. Kwa kuwa nchi zilikuwa nyingi, yaligawanywa. Nchi tano ziliingia fainali moja kwa moja. Nyingine 38 ziligawanywa katika nusu fainali mbili, kila moja nchi 19. Katika kila nusu fainali, nyimbo kumi zinapita na tisa zinarudi nyumbani.

Mwalimu, andika ubaoni jinsi alama zilivyotolewa. Kila nchi ilitoa alama kwa nyimbo kumi tu. Wimbo ulioupenda kuliko zote uliupa alama 12. Wa pili 10. Wa tatu 8. Halafu 7, 6, 5, 4, 3, 2, na wa mwisho 1. Jumlisheni wenyewe: 12 na 10 ni 22, ongeza 8, ni 30, ongeza 7, ni 37, ongeza 6, ni 43, ongeza 5, ni 48, ongeza 4, ni 52, ongeza 3, ni 55, ongeza 2, ni 57, ongeza 1, ni 58. Basi kila nchi ilikuwa na alama 58 za kugawa. Nusu ya uamuzi ilitoka kwa waamuzi wanaojua muziki, na nusu kwa watu wa kawaida waliopiga kura kwa simu. Tena hakuna nchi iliyoruhusiwa kujipigia kura yenyewe. Hilo ni jambo la haki. Ukienda mashindanoni, huwezi kuwa mwimbaji na mwamuzi wa wimbo wako.

Tarehe 10 Mei, 2011, nusu fainali ya kwanza ilifanyika. Wimbo wa kwanza ulikuwa wa Polandi. Wa pili ulikuwa wa Norwei. Stella akapanda jukwaani, akaimba dakika zake tatu. Methali ya Kiswahili ikasikika katika nyumba za Ulaya, kwa watu ambao wengi wao hawajui kibaba ni nini.

Baadaye kura zilihesabiwa. Zikatajwa nchi kumi zilizopita. Norwei haikutajwa.

Matokeo yalipotolewa kwa hesabu kamili, Norwei ilikuwa ya 17 kati ya nchi 19. Ilipata alama 30. Wimbo wa kumi, yaani wa mwisho kupita, ulikuwa wa Uswisi, nao ulipata alama 55. Toeni 30 katika 55. Zinabaki 25. Hizo 25 ndizo alizopungukiwa.

Lakini tazameni jambo lingine katika hesabu hiyo. Uswisi ilipata 55 ikapita. Malta ilipata 54 ikarudi nyumbani. Tofauti ni alama moja tu! Watu wa Malta walijifunza usiku ule kwamba moja si kitu cha kudharau. Nayo Uswisi iliyopita kwa alama moja, ilipofika fainali tarehe 14 Mei, ikawa ya mwisho kati ya nchi 25, kwa alama 19. Mshindi wa fainali alikuwa Azerbaijan.

Sasa twende kwenye kiini cha somo. Mtu mmoja anaweza kusema hivi: Stella aliimba kwamba haba na haba hujaza kibaba, lakini kibaba chake hakikujaa. Alipata 30 tu. Basi methali imesema uongo. Je, mtu huyo amesema kweli?

Tuisome tena methali yenyewe, neno kwa neno, kama tunavyosoma mkataba kabla ya kuweka sahihi. Haba. Na. Haba. Hujaza. Kibaba. Je, imesema kwamba atakayejaza kibaba atamshinda jirani yake? Haikusema. Je, imesema kwamba kibaba kitajaa usiku mmoja, kwa dakika tatu? Haikusema. Imesema kwamba kidogo kikiongezwa kidogo, chombo hujaa. Methali inapima kazi ya mtu na chombo chake mwenyewe. Mashindano yanapima mtu na mtu mwenziwe, kwa siku moja, kwa macho ya wageni. Hivi ni vipimo viwili, kama kilo na debe. Mwenye kupima kahawa kwa kilo asishangae kwamba hesabu yake hailingani na ya mwenye kupima kwa debe.

Kwa kipimo cha alama, wimbo ule ulishindwa, na tuseme hivyo wazi. Si vizuri kumdanganya aliyeshindwa kwamba ameshinda. Lakini kwa kipimo cha kibaba, tuhesabu haba zake. Mtoto aliyefika Norwei mwaka 1991 alijifunza lugha ngeni: haba moja. Akajifunza kuimba: haba ya pili. Akaimba mbele ya watu wengine waliomwona mgeni: haba ya tatu. Akachaguliwa na Wanorwei mwaka 2011: haba ya nne. Akakiingiza Kiswahili mahali ambapo hakijapata kuimbwa: haba ya tano. Hizi zote hazikufutwa na alama 25 alizopungukiwa.

Kwa nini redio yetu inawaletea ninyi wa Karagwe na Kyerwa habari za mashindano ya Ulaya? Tunazo sababu mbili.

Sababu ya kwanza ni lugha na nyimbo zetu. Mwaka ule wa 2011, Kyerwa ilikuwa bado sehemu ya wilaya ya Karagwe. Ilifanywa wilaya mwaka 2012. Katika nchi hii ya Wanyambo, wazee wamepiga enanga tangu zamani, ala ile ya nyuzi, wakiimba habari za wafalme, za mashujaa na za mambo ya dunia. Vijana wengine husikia haya kuiimba lugha ya nyumbani. Wanadhani wimbo ukiwa wa Kinyambo au wa Kihaya hautavuka mlima. Lakini tunao mfano wa mkoa wetu wenyewe. Saida Karoli wa Kagera aliimba kwa Kihaya, na mwaka 2001 wimbo wake Maria Salome ulipendwa na watu wa Tanzania nzima, hata wasiojua neno la Kihaya. Mwaka 2016 Diamond Platnumz na Rayvanny walitoa wimbo uitwao Salome, uliojengwa juu ya wimbo huo. Basi neno la bibi likitunzwa vizuri, husafiri.

Kutunza ni nini? Ni kuandika. Bibi yake Stella alisema methali, na mjukuu akaikumbuka. Lakini maneno mangapi ya bibi zetu yamekwenda kaburini pamoja nao kwa sababu hakuna aliyeyaandika? Sasa ninyi mnajua herufi. Anayejua kuandika mstari mmoja anaweza kuandika methali moja.

Sababu ya pili inawahusu ninyi wenyewe mliokaa darasani. Tunajua kwamba wako watu wanaowacheka. Wanasema: mtu mzima, mwenye wajukuu, anashika kalamu ya nini? Wengine wamepima masomo yao kwa alama za mtoto wa shule, wakajiona wa 17 kati ya 19, wakaacha. Ndugu yangu uliyetaka kuacha, hukuja kushindana na mtoto wako. Umekuja ili usome risiti ya kahawa yako mwenyewe, uone kilo zilizoandikwa ni zile ulizopeleka. Umekuja ili usome karatasi ya dawa ya mtoto usiku, wakati jirani amelala. Hicho ndicho kibaba chako. Wiki hii umejua herufi mbili, wiki ijayo neno moja. Usitazame kibaba cha mwenzio.

Na yule aliyekwisha kujua kusoma, asimcheke anayejikongoja. Alama moja ndiyo iliyoipitisha Uswisi na kuirudisha Malta, na mwenye alama moja zaidi akawa wa mwisho siku nne baadaye.

Sasa chukueni kalamu zenu tena. Haya ndiyo maswali ya leo. Jibuni kwanza kwa midomo, kila mtu na jirani yake, kisha wanaoweza waandike.

1. Mashindano ya Eurovision yalianza mwaka gani, na katika mji gani?

2. Stella Mwangi alizaliwa nchi gani, naye aliwakilisha nchi gani?

3. Ni sheria gani iliyoondolewa, ambayo bila kuondolewa kwake Kiswahili kisingaliimbwa?

4. Norwei ilipata alama 30. Kama nchi moja ingalitoa 12, na nyingine 10, nchi ya tatu ingalitoa ngapi ili zifike 30?

5. Kwa maneno yako mwenyewe: je, aliyeshindwa katika mashindano anaweza kuwa amejaza kibaba chake? Toa mfano wa mtu wa kijijini kwako, bila kumtaja jina.

Kazi ya nyumbani ni hii. Kabla ya somo lijalo, kila mmoja amwendee mzee mmoja, mwanamke au mwanamume, amwombe kwa adabu methali moja ya Kinyambo, ya Kihaya, au ya lugha yoyote inayosemwa nyumbani kwake. Iandike kwa lugha ile ile. Chini yake andika maana yake kwa Kiswahili. Asiyeweza bado kuandika yote, aandike neno la kwanza tu, na mwalimu atamsaidia kumaliza. Walimu, yabandikeni maandishi hayo ukutani, yote, ya mwenye mwandiko mzuri na ya mwenye mwandiko mbaya, wala msiyape alama.